Alama za Ngamia Nyuma ya Kompyuta

Siku yangu ya kwanza kazini Garissa, Fundi Mkuu hakuniruhusu hata kugusa kibodi. Aliigeuza kompyuta akanionyesha mgongo wake. "Kazi yako iko huku," akasema. "Kule mbele ni kwa makarani."

Huko nyuma kulikuwa na matundu, tunayoyaita poti: mawili ya mviringo yanayofanana kama mapacha, moja la kibodi na jingine la kipanya; la skrini, lenye vitundu kumi na vitano na upande mmoja mrefu kuliko mwingine; na lile la waya wa mtandao. Kila plagi ina tundu lake, na haiingii kwa mabavu. Ukijikuta unasukuma, umekosea. Sheria ni hiyo tu, na nimezeeka nikiwaona watu wenye digrii wakishindwa nayo.

Nilipelekwa Wajir, kisha Bute, kisha nikapewa shule za upande wa Balambala. Kote huko jua na vumbi vilifuta rangi za kiwandani, kijani na zambarau zikawa kijivu. Makarani wengi walikuwa watoto wa wafugaji. Maandishi madogo ya nyuma ya mashine yaliwashinda, lakini alama ya moto kwenye shingo ya ngamia waliitambua kwa mbali. Basi nikachukua rangi ya kucha ya mke wangu, nikachora alama za ngamia: moja kwenye tundu, na ileile kwenye plagi yake. Makosa yakaisha.

Akaja Mwalimu Mkuu mpya katika shule moja. "Takataka gani hizi? Hii ni shule, si zizi." Akaamuru zisuguliwe kwa petroli. Sahara, karani wake, akamwambia, "Mwalimu, hizi ndizo zinatusaidia." Akajibiwa kwamba hakuombwa maoni. Mpaka leo nikiikumbuka sauti ile damu hunichemka.

Siku ya mwisho ya kusajili watahiniwa, bwana huyo akaamua kuihamisha kompyuta dirishani, kwenye hewa. Aliishika plagi ya skrini juu chini, akaisukuma kwa kiganja. Pini zikapinda. Feni inazunguka, taa inawaka, yeye anatangaza kompyuta imekufa kwa sababu skrini ni nyeusi. Hakunipigia simu. Sahara alinipigia kwa siri, usajili ukiwa umeshafungwa. Wanasema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Hapa mkuu ndiye aliyevunja, na maumivu wakayapata wengine.

Nilifika kesho yake, nikanyoosha pini kwa sindano ya kushonea. Dakika kumi. Majina yote yalikuwemo, pamoja na saba ambayo hayakuwa yametumwa.

Moja kati ya hayo saba lilikuwa la msichana aitwaye Ubah. Baba yake, Mzee Dekow, alikuwa amekuja kuuliza. "Mashine ilikufa, mzee," Mwalimu Mkuu akamwambia. "Ni kazi ya Mungu. Muulize fundi huyu."

Nilikuwa nimebakiza miezi michache nistaafu. Nikasema, "Ni vumbi."

Ubah aliambiwa asubiri mwaka. Kabla mwaka haujaisha alikuwa ameolewa, na shule hakurudi.

Kwenye chai ya kuniaga, Mwalimu Mkuu alinisifu kwa utiifu. Nilitamani kumrushia kikombe. Ninyi vijana mnaoingia kazi hii, sifa hiyo mkipewa, jichunguzeni. Hasira yangu kwake ni kubwa, lakini hasira niliyo nayo juu yangu mwenyewe ndiyo inayoninyima raha.

Juzi nilikwenda kwa Dekow nikamweleza yote. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hivyo mashine ilikuwa hai?"

"Ilikuwa hai."

"Na wewe, walaal, ndugu yangu," akauliza kwa lafudhi yake ya Kisomali, "siku ile ulikuwa wabi?"

"Nilisimama palepale mbele yako, kando ya mwalimu."

Akanimiminia chai, maana mgeni ni mgeni. Kisha akasema, "Yule mwalimu hakujua kombyuta. Wewe ulijua."