Manjano Kwenye Nguo ya Eda

Nimekosa. Sina pa kujificha, nimekosa, na aliyeumia kwanza si mie. Mie zamu yangu imekuja sasa, nikiwa ndani humu Kibiti, siku ya hamsini na mbili ya eda ya mume wangu. Naandika kwa simu ya binti yangu. Jina langu niachieni, aibu niliyonayo yanitosha.

Miaka mitatu iliyopita alifariki kaka yangu, tumbo moja, mtoto wa kiume pekee kwa mama yetu. Aliacha mke, nimwite Zuhura, na binti wa miaka minne waliyempa jina langu. Yule mtoto akiniona tu, kelele: "Somo! Somo kaja!" Nilikuwa nampenda, Mungu shahidi.

Zuhura alikaa eda kwenye nyumba ya kaka, jirani kabisa na yangu, maana sote tulijenga kwenye kiwanja cha marehemu baba. Mie ndiye niliyempelekea uji na maji ya kuoga, mie ndiye niliyemfulia nguo. Wifi yake, nani mwingine?

Lakini niseme yote. Nilikuwa na donge. Kaka alipozidiwa, nilikaa naye hospitali nimemshika mkono, akafumbua macho akaniuliza, "Zuhura yuko wapi?" Basi! Mie, niliyenyonya naye ziwa moja, hata hakuniona! Tulimzika, donge likabaki na mie.

Kipupwe kilipoingia nikaanza kuona madoa kwenye nguo zake nyeupe. Ya njano. Mgongoni, kwenye pindo, hata kwenye mtandio. Nyie mnajua, mwanamke akiwa edani hapaki manjano, hapaki liwa, hatii wanja, hajifukizi. Anajipamba kwa ajili ya nani, na mume yuko kaburini?

Nikamuuliza. "Wifi, haya nini?"

"Wadudu, wifi. Wamejaa hapo dirishani, nikiegemea ukuta nawaponda bila kujua. Hebu njoo uwaone."

Nikaenda. Nyuma ya pazia, kwenye fremu, wamelundikana wadudu wa mviringo, wadogo kama punje za choroko. Wengine wekundu wenye madoa meusi, wengine rangi ya chungwa hawana doa, wengine weusi wenye madoa mekundu. Nikacheka!

"Hawa si kibibi hawa? Kibibi tumekua nao kwenye kunde huko bondeni. Lini kibibi akaingia nyumbani kwa watu? Tena hawa wa rangi rangi, umewaokota wapi?"

"Wallahi, wifi, ndio wao."

Nikainusa ile nguo. Jamani, hapa ndipo ninapojihukumu! Haikunuka manjano. Ilinuka vibaya, kama karanga zilizovunda. Pua yangu ilinambia ukweli, nikaumeza. Nikaikunja nguo, nikaiweka kwangu bila kuifua.

Arobaini ya kaka ikafika. Asubuhi nikafagia chumba cha Zuhura mwenyewe, dirisha nikalipangusa likang'aa, ubani nikafukiza. Khitma ikasomwa, chumba kimejaa wanawake, tunakunywa chai. Nikaingia na ile nguo nikaikunjua mbele yao wote.

"Tazameni! Mwenzenu anajisinga humu ndani, na kaburi la kaka yangu hata udongo haujakauka!"

Mama akaanza kulia. Zuhura akasimama, anaonyesha dirishani. "Wadudu! Angalieni wenyewe!" Wakaangalia. Hakukuwa na hata mmoja. Si nilishawafagia mie?

Sasa fikirini. Mtu ukimsingizia sokoni, atajitanda kanga yake aende zake. Zuhura aende wapi? Alikuwa na miezi mitatu ya eda mbele yake! Akakaa mle mle, dirisha lile lile, anasikia vicheko vyetu barazani, anakula chakula cha mikono yangu. Hakunambia neno tena ila "ahsante." Siku alipotoka eda, alioga, akamshika mtoto mkono, akarudi kwao Mkongo. Somo yangu alilia akininyooshea mkono. Zuhura hakugeuka.

Mpaka leo mama akimtaja humwita "yule wa manjano".

Mwaka huu mume wangu naye akaitwa. Nikaingia eda. Kipupwe nacho hakikukawia. Asubuhi moja navua nguo niikunje, naona doa mgongoni. La njano. Nikageuka dirishani. Walikuwepo, wamejazana kwenye fremu, wekundu, wa chungwa, weusi. Yarabi! Nilikaa chini nikalia kuliko nilivyomlilia mume wangu.

Binti yangu akawapiga picha, akampelekea bwana shamba. Majibu yake niliyasikiliza mara tatu. Alisema hao si kibibi wetu wa kunde, hao ni wageni waliotoka nje wakaenea. Zile rangi zote ni mdudu mmoja. Wengi ukiwatazama nyuma ya kichwa, pale peupe, utaona alama nyeusi kama herufi M. Baridi ikianza hutafuta ukuta unaopigwa na jua, wakapenya kwenye nyufa kwa makundi. Ukimbana mmoja, anatoa maji ya njano miguuni, yananuka na yanaacha doa.

"Msipulize sumu chumbani anamolala mama," akamalizia. "Wafagieni taratibu kwenye ndoo ya maji ya sabuni, kisha zibeni nyufa."

Ndoo ya sabuni! Mwanamke kavunjiwa heshima yake, mtoto kakosa shangazi, kwa kitu cha kumalizwa na ndoo ya sabuni!

Nikampigia Zuhura. Nikalia, nikaeleza, nikaomba radhi. Alinisikiliza mpaka mwisho. Nyuma yake nikasikia sauti ya mtoto, imekua: "Mama, nani huyo?" Akanambia mie, taratibu kabisa, "Mie hukunambia kitu, wifi. Uliwaambia wao. Kawaambie wao." Akakata simu.

Arobaini ya mume wangu wakaja, wanawake wale wale, na mama yangu katikati yao. Mnadhani nilisema? Thubutu! Alfajiri nilibadili nguo, ile yenye madoa nikaisukumia chini ya godoro, nikakaa nimeinamisha macho kama mwema. Niliogopa! Nikisema ni wadudu, nani ataniamini? Mie ndiye niliyewafundisha kutoamini.

Ndiyo maana nawaandikia nyie nisiowajua. Kwenda Mkongo siwezi, eda hainiruhusu. Kusema nashindwa, maneno yangu mwenyewe yamenikaba. Nashinda humu nimekaa, nawatazama wale wadudu wakipanda na kushuka kwenye kioo, nao hawana pa kutokea.

Kesho Ijumaa wanakuja tena kunisomea Yasini. Nimemkataza binti yangu asiguse dirisha. Ile nguo nimeitoa chini ya godoro, nimeivaa, sijaifua. Nitawaonyesha mgongo wangu, kisha nitawaonyesha pazia. Wakitaka kucheka wacheke, wakitaka kuniita wa manjano waniite. Nitamtaja Zuhura kwa jina lake mbele ya mama yangu. Niombeeni ulimi usinikwame.

Nanyi dada zangu, nawasihi. Mwenzio akikwambia "njoo uone", nenda, na ukishaona, sema ulichokiona. Mie nilikwenda. Niliwaona, nikanusa, nikajua. Kisha nikachukua ufagio.