Kamati Iliyomtazama Mbwa Akipanda Ngazi

Kosa langu lilikuwa kuwaonyesha vijana wa kanisa letu, huku Marani, filamu za kale zisizo na sauti. Ni za wanasarakasi wa Ulaya: jitu la misuli likinyanyua vyuma, mwanamke amesimama juu ya farasi anayekimbia, mbwa aliyevishwa sketi akipanda ngazi. Kila moja haifiki dakika moja. Nilizipata bure mtandaoni, nikafurahi kama mjinga. Jumatatu nikaitwa mbele ya kamati ya kanisa.

Harusi yangu ilikuwa imebakiza wiki tatu, na kwetu aliyetiwa adabu na kanisa hafungishwi ndoa kanisani. Mama yangu, shemasi, alikuwa mjumbe wa kamati hiyo. Nikajipa moyo: uchungu wa mwana aujua mzazi.

Wazee walisema hawawezi kuhukumu wasichokiona. Haki iliyoje! Nikawasha kompyuta.

Ugumu ulianza mapema. Hakuna ngoma, hakuna wimbo. Sasa dhambi ikamatwe wapi? Mzee wa kanisa, mwenyekiti wa kamati, akaamua imo katika mavazi ya yule mwanamke wa farasi.

"Rudisha hapo," akasema. "Sijaona goti vizuri."

Nikarudisha. Mara nne nilirudisha, maana ushahidi lazima ukamilike.

"Hawa watu wako wapi sasa?" akauliza karani.

"Walikufa zamani. Hizi picha zina zaidi ya miaka mia."

"Na hawakutubu," akasema, akaandika.

Zamu ya mbwa ilipofika, mama alicheka. Alicheka akishika mbavu, machozi yakamtoka, kicheko ambacho sikuwa nimekisikia tangu tumzike baba. Nilifurahi mpaka nikasahau nilikuwa mshtakiwa. Kamati nzima ikaangua kicheko naye, mzee wa kanisa akapiga meza. Nikajua nimepona.

Mzee akajifuta macho, akakohoa, akasema wanaoona kijana huyu amelipotosha kundi wainue mikono. Wote waliinua. Mama aliinua wa kulia, wa kushoto bado unafuta machozi kwa leso.

Tulirudi nyumbani kupitia mashamba ya chai, yeye mbele. Hasira zilikuwa zimenipanda. Nikamuuliza kama harusi yangu si kitu kwake.

"Tata," akasema, maana huku mama humwita mwanawe baba, "wewe utaoa, utaenda na bibi yako. Mimi nitabaki na hawa watu. Nikikufa, ndio watanizika."