Bata Jike wa Bwawani

Juzi, nikitoka Nanyuki, tulisimama Chaka kula nyama. Nyuma ya bucha palikuwa na dimbwi la maji ya mvua, na bata bukini wawili wa porini wakila nyasi kando yake, wale wa kahawia wenye doa jeusi kuzunguka jicho. Mjukuu wangu akaniuliza yupi ni dume. Nilifungua mdomo nimjibu, nikajikuta nawasikiliza bata, nyama ikinipoa mkononi. Wacha nikueleze kwa nini.

Shamba letu lilikuwa ng'ambo ya barabara hiyohiyo. Tuligawiwa miaka ile ya mwanzo ya uhuru, mashamba ya wazungu yalipokatwa vipande, na kipande chetu kilikuja na bwawa. Asubuhi baridi ya mlima ilishuka ikakaa juu ya maji, hata matete usiyaone. Nyanya alikoroga uji wa wimbi, moshi wa kuni mbichi ukitutoa machozi, huku mimi na dada yangu tukimenya viazi. Maganda yalikuwa ya bata wetu wawili, wa aina hiyohiyo ya Chaka.

Nyanya ndiye aliyewapata wangali mayai, trekta lilipopita juu ya kiota chao. Aliyaweka chini ya kuku, wakatoka wawili tu. Walikua wakitufuata hadi jikoni. Mwaka uliofuata wakajenga kiota matetani, na kila tulipokaribia walitoka wote wawili, wakasimama mbele yetu, wamefanana kama sahani za seti moja.

Sasa nikwambie habari za baba. Wakati wa hali ya hatari alikaa kizuizini miaka mingi, na aliporudi nilikuwa mkubwa wa kutosha kumwogopa kama mgeni. Hakupiga kelele wala hakutupiga. Alisema jambo mara moja, basi. Akiingia, hata vijiko vilinyamaza. Nyanya alizoea kutuambia, "Mwacheni. Huyu bado yuko njiani anarudi."

Jioni moja alituambia kwamba kesho rafiki yake angekuja kutoka Sagana, mtu waliyefunikwa naye blanketi moja huko kambini. Mbuzi hatukuwa naye.

"Tutachinja bata," akasema. "Yule mnene."

"Chinja dume basi," nyanya akamwambia. "Jike analalia."

Baba akatoka kutafuta jiwe la kunolea kisu.

Asubuhi bata walikuja kula maganda kama kawaida, na dada akawafunika wote wawili kwa kikapu. Baba akamtoa yule mnene, akanipa nimshike. Nilihisi moyo wake ukigonga chini ya manyoya. Kisu kilikuwa kimenolewa. Kule matetani mayai yalikuwa wazi, na ukungu haujaondoka.

"Kama jike ni huyo, mayai yamekwisha," nyanya alisema. Sauti yake ilitetemeka, na sikuwahi kuisikia ikitetemeka mbele ya mwanawe.

"Mama, nimesema."

Hapo ndipo jirani yetu alipotokea uani na kibuyu chake cha maziwa. Alikuwa mke wa askari aliyefundisha kurutu kule Kiganjo, mtu wa upande wa ziwa, na kwao walifuga bata. Alitazama kisu, akanitazama mimi.

"Mzee, ngoja kidogo," akasema. "Unene si kitu. Hii bata unajua na sauti. Jike inalia kwa nguvu. Ndume haina sauti, inapumua tu kama baiskeli imetoboka. Peleka hiyo ingine mbali, utasikia."

Baba alisimama vilevile. Nilidhani atamfukuza. Kisha akamwonyesha dada kwa kidevu, na dada akambeba yule mwingine hadi nyuma ya ghala.

Tukangoja. Bata wangu alinyoosha shingo upande ule mwenzake alikopelekwa, asiseme kitu. Nyanya alitazama matete. Baba alibadilisha kisu mkono, akainama, akamshika shingo.

Ndipo bata akalia. Alilia kwa nguvu, mara nyingi mfululizo, na bwawa likarudisha mlio wake. Kutoka nyuma ya ghala ukajibu mhemo mkavu, kama wa mtu aliyepoteza sauti.

"Mwachilie," baba akaniambia.

Nilifungua mikono. Jike alikimbia moja kwa moja hadi matetani. Baba akaenda nyuma ya ghala na kisu, na dada akarudi peke yake, akakaa jikoni bila kumtazama mtu.

Mgeni alifika mchana. Alikuwa mwembamba, mguu mmoja haukunjiki. Walikula polepole, kisha wakaanza kuzungumza, na baada ya muda nikasikia sauti nisiyoijua. Baba alikuwa anacheka. Nyanya aliacha kuosha sufuria akasikiliza. Na muda wote huo, kule bwawani, jike aliita, akanyamaza, akaita tena.

Dume ndiye aliyekuwa akilinda kiota. Kunguru walijua mara moja kwamba hayupo. Kesho yake tulikuta yai moja limetobolewa, na tukajua mengine hayatakaa. Lakini jioni ile baba alichukua kigoda na fimbo, akaenda kukaa ukingoni mwa matete. Akafanya hivyo siku zote mpaka vifaranga wakatoka. Tulimpelekea uji huko, akaupokea, akatuambia tusisimame karibu, tutamtisha mama yao.

Walipoweza kuruka waliondoka wote, na mwaka ule ndio baba alianza kula nasi jikoni.

Bwawa lilijaa udongo, sasa ni shamba la vitunguu. Nyanya amelala Nyeri, baba kando yake, na yule mama wa Kiganjo sikujua walihamishiwa wapi. Mengi ya nyumba ile nimeyasahau. Lakini mgongo wa baba ukingoni pale, koti limepandishwa hadi masikioni, nauona waziwazi, na ningetoa chochote niupelekee uji mara moja tu.