Uso wa Mtaliana, Sauti Yangu

Nilikuwa nafua mashuka ya hospitali London niliposikia kwamba anatafutwa Mzanzibari wa kuigiza kwenye filamu. Nikaenda na gauni la kuazima. Mwongozaji alinitazama mbele na nyuma, akasema nimependeza, nisubiri barua. Mimi sikusubiri. Siku ile ile nilimwandikia mama yangu, aliyekimbilia Mombasa baada ya mapinduzi ya kwetu Zanzibar, na ambaye sikuwa nimemtia machoni tangu tulipoachana: mama, utaniona sinemani, uso wangu ukubwa wa ukuta.

Barua ilipofika ilisema sura yangu haifanani na ya Mzanzibari. Nafasi amepewa Mtaliana. Ila naombwa nije nimfundishe Kiswahili.

Bibi yule alikuwa na sifa zake, simnyimi. Alianza jukwaani kwao akiwa msichana, akacheza malkia na wendawazimu, kisha sinema zikamchukua. Alipohamia London, Waingereza wakampa kila uraia duniani isipokuwa wake: leo Mgiriki, kesho Mhindi, keshokutwa Mwarabu muuza mazulia. Mataifa yote hayo aliyacheza mkono kiunoni na pua juu. Sasa zamu ilikuwa yetu. Yeye alikwisha kupita hamsini; binti aliyemwigiza alikuwa na ishirini. Kila asubuhi walimpaka rangi ya kahawia usoni mpaka shingoni, wakasahau masikio.

Nilimfundisha kuvaa buibui, akalivaa kama mtu anayekwenda kunyolewa. Kiswahili ndicho kilichomshinda kabisa. Binti wa kwenye filamu alitakiwa amlilie mama yake, "Mama! Mama, usiniache!", na yeye akawa anaimba kama anauza mboga. Siku ya tatu mwongozaji akashika kichwa, akaamua mimi nimsemee: yeye afungue mdomo, sauti iwe yangu.

Nikamfuata chumbani kwake nimefura kwa hasira.

"Madamu, mama yangu anangoja kuniona sinemani. Uso umeshachukua. Na sauti pia?"

Alikuwa anajifuta rangi mbele ya kioo. Hakukasirika.

"Kwetu filamu ndivyo zinavyotengenezwa," akasema. "Zangu zote za Italia, mwanamke mwingine alinisemea. Walidai sauti yangu ni ya muuza samaki. Marehemu mama yangu aliziona zote, na hakunisikia ndani yake hata neno moja." Akaichovya pamba tena kwenye mafuta. "Wa kwako atakusikia."

Nilikuwa nimejitayarisha kumchukia vizuri, akaniharibia. Nikaenda kwenye maikrofoni. Niliita "Mama!" mara kumi na nne, mwongozaji akisema bado, bado, na ya mwisho ikanitoka kweli. Filamu ilipotoka, jina langu halikuandikwa popote. La aliyempaka rangi liliandikwa.

Mama sikumwambia chochote. Niliona haya. Nilijidanganya kwamba filamu mbaya namna ile haitafika Mombasa, kana kwamba filamu mbaya ziliwahi kupelekwa kwingine.

Barua yake ilinikuta kazini, kwa herufi zake za Kiarabu zilizolala upande. Alikuwa ametangaza mtaa mzima kwamba mwanawe yumo. Akaenda sinema siku ya wanawake peke yao, na majirani wote, akavaa nguo za Idi.

"Nimekutafuta kila sura, mwanangu, sikukuona," aliandika. "Nikasema labda wamekukata. Mara nikakusikia unaniita. Nikainuka nikakuitika, 'Nipo hapa, mwanangu!' Sinema nzima ikanicheka. Kutazama ukutani, namwona mzungu wa kahawia ana masikio meupe, analia kwa sauti yako. Mwambie huyo bibi, akitaka mama, amwite wake."

Hapo nilicheka, mwenzangu akaniuliza kuna nini. Nikageuza karatasi. Nyuma kulikuwa na mistari miwili tu.

"Kesho nakwenda tena, peke yangu. Nitafumba macho."