Samaki Katika Tumbo la Gentille

Mwalimu Pulchérie, aliyewafundisha watoto wadogo wa mji wa Baraka kwa miaka thelathini, alimtengenezea mjukuu wake kitabu cha picha. Mjukuu huyo, Nella, alikuwa na miaka mitano. Mama yake, Gentille, alikuwa na saratani ya tumbo, na kwa majuma mawili mtoto alikataa kabisa kuingia chumbani mwa mama.

Pulchérie aliuchora ugonjwa kama samaki mwenye meno ya kutisha ndani ya tumbo la mama, kisha akamwita Nella na watoto wa jirani uani waje kukitazama kitabu. Alisahau kwamba hao ni watoto wa wavuvi.

"Koko, uyu samaki iko munono!" Eloge, mtoto wa jirani, akamwambia bibi kwa kelele.

"Banamukausha ao banamukaanga?" mwingine akauliza.

"Mi natwaa kichwa!"

Bibi alijaribu kukunja uso, lakini kicheko kilimshinda hata miwani ikamdondoka. Nella peke yake hakucheka.

"Koko, nani alimutia mu tumbo ya mama? Ni mi, sababu nilikataa kuchota mayi?"

Pulchérie akampakata.

"Hapana, mupenzi. Hakuna muntu alimutia. Ata we hapana."

"Ata kidogo?"

"Ata kidogo!"

Nella aliruka kama panzi, akakimbia hadi chumbani, akajitupa kitandani.

"Mama, haiko mi! Haiko mi!"

"Pole pole, we mutoto, utavunja kitanda!" Gentille alisema, huku akicheka na kumsogezea nafasi.