Draiva Iliyoshindwa Kumchora Ndete

Ndindi ana mdomo, hilo hakuna mtu katika soko la Kariokor, Nairobi, atakayelipinga. Kibanda chake kimebanwa kati ya washonaji wawili wa akala, vile viatu vya matairi, na kazi yake ni simu za bei ya kati, zile ambazo prosesa zake, yaani ubongo wa simu, si duni wala si za kuringia. Vijana wa Pumwani humletea wakilia kwamba gemu inakwama. Huwasuta kwanza, kisha huwatafutia draiva ya grafiki inayoelewana na prosesa hiyo, ile programu inayoiambia simu namna ya kuchora picha kwenye kioo.

"Niaje Ndindi, hii draiva umeitoa wapi?" kijana huuliza.

"Nikuambie, nikose kazi?"

Sisi wa sokoni tunampenda hivyo hivyo. Na kuna jambo moja hafanyii mzaha: hafuti simu ya mtu kabla ya kuuliza mara tatu kuna nini ndani. Mwaka wake wa kwanza aliuliza mara moja tu, akajibiwa hakuna kitu, akafuta. Mwenye simu aliporudi kuulizia picha za marehemu mwanawe, walilia wote wawili pale kibandani.

Basi Mzee Mutunga, mchonga vinyago, akaja na simu yake. Ilikuwa imepokea sasisho, na tangu hapo kila video ilionyesha kijani kitupu. Mafundi wawili walishamwambia dawa ni kufuta kila kitu.

"Kuna nini ndani, Mzee?"

"Hakuna kitu, mwanangu. Futa tu."

"Kuna nini?"

"Si nimesema hakuna."

"Mzee, ndani kuna nini?"

Mzee akageukia akala za jirani, akazitazama kama anayetaka kununua. "Kulikuwa na Ndete," akasema. "Lakini naye ameshaharibika."

Ndete alikuwa mkewe. Walimzika Machakos mwezi wa nne, na video yake ilikuwa hiyo moja tu, mle simuni.

"Hajaharibika, Mzee," Ndindi akasema, kwa sauti ambayo hatukujua anayo. "Yumo. Ni draiva imeshindwa kumchora."

Akahangaika asubuhi nzima kuirudisha draiva ya zamani bila kugusa kingine. Saa saba akabonyeza video. Ndete akatokea mlangoni, ungo mkononi, rangi zake zote zipo, akifoka: "Wacha kunipiga picha, Mutunga! Sijafunga kitambaa!"

Mzee akavua kofia.

"Funga basi," akamjibu. "Nangoja."