Kofia ya Bibi Asunta

Harufu ya kahawa inayochemka hadi leo hunirudisha barazani kwa padri, pale Zombo, ambako Bibi Asunta aliketi kila asubuhi na kofia yake pana ya ukili, midomo imepakwa rangi nyekundu utadhani anangoja wageni. Alikuwa Mwitaliano. Alikuja kumuuguza kaka yake, padri wetu, na kaka alipofariki hakurudi kwao. Mimi nilikuwa na miaka kumi, natumwa kumpelekea maziwa. Shikamoo yangu aliijibu kwa marahaba ndefu ya kuimba, mkono juu, hadi nikawa naamkia mara mbili makusudi.

Kwao alikuwa mwigizaji. Alianza usichanani kwa kufagia jukwaa, akapewa sentensi moja ya kusema, kisha mbili, hadi watu wakawa wanakata tiketi kwa ajili yake. Filamu zikafuata. Alipoota mvi wakampa nafasi za mama, halafu za wagonjwa, halafu za maiti, na mwisho hawakumwita tena. "Maiti niliigiza vizuri," aliniambia. "Sikupumua hata kidogo." Mimi nilicheka, yeye hakucheka.

Msimu ule wa kuvuna mpunga alifariki mzee mmoja jirani yetu. Kama ilivyo desturi kwetu, mjukuu wake alivaa koti la marehemu, akashika fimbo yake, akachechemea mbele ya waombolezaji huku akikohoa na kukaripia kila mtu. Waliokuwa wakilia wakashika mbavu. Bibi Asunta alinikamata mkono kwa nguvu. "Na mimi nikifa, nani atanifanya hivi?" Kwa kuwa nilimwita bibi, utani ule ulikuwa haki yangu. Nikamwambia, "Mimi, bibi." Kuanzia siku hiyo akawa ananifundisha yeye mwenyewe: anavyotembea akitanguliza kidevu, anavyokoroga kahawa, anavyogombeza kuku kwa Kiitaliano. Nikikosea, ananirudisha mlangoni nianze upya. Sikuwahi kumwona na furaha kama ile.

Alifariki kabla ya masika. Kutoka Italia alikuja mtoto wa kaka yake mwingine, mama mtu mzima aliyevaa nguo nyeusi, akaketi mbele bila kumwangalia mtu. Mama yangu alinivika ile kofia, akaninong'oneza, "Haya mwanangu, kamtanie bibi yako." Watu wakanipisha, wameshaanza kutabasamu. Nikapiga hatua tatu, kidevu mbele, ndipo nikakutana na macho mekundu ya yule mgeni. Aibu ikanishika. Nikadhani ataona tunamdhihaki marehemu wake. Nikavua kofia, nikajificha nyuma ya mama, na Bibi Asunta akazikwa bila kicheko hata kimoja.

Baada ya mazishi mgeni yule aliniita, katekista akatafsiri. "Anauliza kwa nini umeacha. Shangazi yake alimwandikia barua, akamwambia siku hiyo asilie sana, kuna mjukuu huku atamchekesha. Alikuwa anakusubiri wewe." Nilimpa kofia, akanivika tena kichwani, akaondoka.

Siku hizi ninaishi Mikumi na ninafundisha shule ya msingi. Kule Zombo padri ni kijana, anakunywa chai, na wanaomkumbuka Bibi Asunta ni wa kuhesabu. Wanangu, ambao hutafuta kila kitu kwenye simu, walimtafuta na yeye wakampata, kipande cha filamu cha dakika moja tu: amelala kitandani, amekufa, watu wamemzunguka wanalia. Kweli hapumui. Nikaishusha kofia kutoka juu ya kabati, nikatembea sebuleni kidevu mbele, nikakoroga kahawa isiyokuwepo, nikawagombeza kuku. Sikukosea hata hatua moja. Wanangu walicheka hadi wakakaa sakafuni. Mimi nililia, kwa sababu aliyekuja kutoka mbali kukingoja kicheko hicho alirudi kwao bila kukisikia, na sikumuuliza hata jina lake.